Wiki moja Seoul: darasa la kupika, dagaa wa Kikorea na mwani unaoliwa

Siku ya kwanza, Jumatatu

Nimefika jamani. Zanzibar mpaka Doha, Doha mpaka Incheon, miguu imevimba kama maandazi, na kitu cha kwanza nilichofanya nilipotoka nje ya eapoti ni kurudi ndani tena, maana ile baridi haina adabu. Nyuzi 4! Na mie nimevaa koti la kuazima kwa mtu aliyewahi kukaa Uingereza, refu mpaka magotini lakini jepesi kama kanga. Mdogo wangu alikuja kunipokea, anasoma huku mwaka wa pili sasa, akanicheka kwanza ndo akakumbuka kunipa shikamoo.

Kwenye treni ya kutoka eapoti akanionyesha kitu ambacho mpaka leo nakifurahia peke yangu. Korea iko mbele yetu masaa sita. Sasa wenzetu wanaanza kuhesabu saa usiku wa manane, sie tunaanza alfajiri, hapo pia kuna tofauti ya sita, kwa hiyo ukiangalia saa ya ukutani huku ukaisoma namba kama ilivyo, hiyo ndo saa ya nyumbani kwa Kiswahili. Saa yao ikionyesha 9 ya usiku, Jambiani, kijijini kwetu Unguja, ni saa tisa mchana. Ikionyesha 1 ya mchana, kwetu saa moja asubuhi, mama anachemsha chai. Yaani wiki nzima sikupiga hesabu hata mara moja, nilikuwa naangalia tu saa ya stesheni najua mama yuko wapi na anafanya nini.

Anakaa Sinchon, mtaa wa wanafunzi, chumba kimoja kina kila kitu ndani, jiko, kitanda, choo, wao wanaita wonrum. Padogo, lakini sakafu ya moto! Moto unapita chini ya sakafu, ndo ondol yenyewe, nikavua viatu nikajilaza pale chini kama paka na sikutaka kuamka. Chakula cha usiku tukanunua duka la chini, ule wali wa pembetatu uliofungwa kwa gim, yaani shiti nyembamba nyeusi ya mwani, ndani una tuna. Sasa ile plastiki ina namba 1, 2, 3, unatakiwa uvute kwa mpango huo ili mwani ubaki umekauka na uukumbatie wali. Mie nikavuta 3 kwanza. Nikabaki na mpira wa wali mkononi na mwani wote umebaki kwenye plastiki, mdogo wangu anarekodi vidio.

Siku ya pili, Jumanne

Darasa ni kesho, leo tumeenda soko la Gwangjang. Treni ya chini ya ardhi, line 2 mpaka City Hall, unabadilisha line 1, unashuka Jongno 5-ga. Soko hili lipo tangu 1905, limeezekwa juu, huko pembeni wanauza vitambaa na katikati ndo kuna kula. Mtu wa Forodhani, kule kunakouzwa vyakula usiku Unguja mjini, akifika hapa hatashangaa sana, moshi ni uleule, kuitwaitwa kuleule, tofauti ni kwamba unakaa kwenye benchi na benchi lina moto chini, unakaa baridi yote inakutoka kwa nyuma.

Kilichonisimamisha ni vinu. Kila kibanda cha bindaetteok kina kinu cha mawe mawili cha umeme kinazunguka polepole, juu wanamimina choroko zilizolowekwa, pembeni unatoka uji mzito wa rangi ya krimu unateremka kwenye ndoo. Nikasema mbona hii ni bajia! Bibi yangu alikuwa anasaga kunde za bajia kwenye jiwe vilevile. Wenzetu wanachanganya na chipukizi za choroko na kimchi, yaani kabeji yao ya kuchachusha na pilipili, wanamwaga upawa mzima kwenye mafuta mengi, inatoka kitu kipana kama sahani, nje kavu ndani laini. Lakini tahadhari kwa Waislamu wenzangu, sehemu nyingi wanatia nguruwe humo humo kwenye unga, au wanakaangia mafuta yake. Neno la kushika ni "dwaeji", ndo nguruwe. Vibanda viwili tuliuliza wakakubali kwamba ipo, wa tatu alikuwa na ya mboga tupu na akatukaangia pembeni kwa mafuta ya kawaida. Won 5,000, kama shilingi elfu tisa na kitu. Nilikula mbili.

Na hapa ndo nikasikia mdogo wangu anamwita yule mama muuzaji "imo!" Nikamuuliza imo nini, akasema mama mdogo. Yaani kabisa, dada wa mama. Shangazi, dada wa baba, ana neno lake jingine, gomo, lakini muuza chakula hakuna anayemwita gomo, wote wanamwita imo. Tukakaa tukacheka sana, kwa sababu sisi sote wawili tulifikiria shangazi yetu mmoja hivi (hatajwi) ambaye ukienda kwake saa ya kula anakuuliza umeshakula? huku anafunika sufuria. Wakorea wanajua wanachokifanya.

Siku ya tatu, Jumatano

Leo ndo leo. Darasa linaanza saa nne asubuhi yetu ya Kiswahili, yaani saa 10 yao, mtaa wa Mangwon, line 6. Nilitoka mlango wa stesheni ambao siyo nikazunguka dakika kumi na tano, nimefika nahema, viatu nje, ndani sakafu moto. Nyumba ya kawaida ya mtu, jiko kubwa na meza ndefu katikati. Tulikuwa watu sita. Mtu na mkewe kutoka Malaysia (nikashukuru Mungu, nitaeleza), kijana wa Brazil anayepiga picha kila kitu, wadada wawili wa Kijerumani, na mie. Mwalimu ni mama wa miaka sitini na kitu, mfupi, mikono yake mipana, Kiingereza cha kuungaunga, na binti yake anamsaidia pale anapokwama. Tukaambiwa tumwite seonsaengnim, mwalimu. Mie moyoni nilishamwita imo.

Kwanza tukaenda soko la Mangwon, mtaa wa pili tu, kununua vitu. Novemba ndo msimu wa kabeji za kimchi, zimerundikwa barabarani kama mchanga wa kujengea, wamama wanavuta vigari. Mwalimu akatufikisha kwenye duka la vitu vikavu, na hapo ndo nikasimama kabisa. Dagaa! Magunia ya dagaa, wamepangwa kwa saizi, wadogo kama sindano wa kukaanga na sukari, wa kati, na wakubwa urefu wa kidole, weupe wenye kung'aa, harufu ileile ya dagaa wanaoanikwa kwetu ambao wengi wanaishia Kongo. Wanaitwa myeolchi. Nikainama nikachukua mmoja nikamvunja kichwa kwa kidole gumba nikamtoa na utumbo mweusi, bila hata kufikiria, mkono umezoea tu. Mwalimu akaniangalia. Akamwambia binti yake kitu, binti akatafsiri: mama anauliza huyu katoka wapi.

Bas kurudi jikoni nikapewa kazi ya kuchambua dagaa wa watu wote. Wenzangu wanajifunza, mie nafanya kama niko uwani kwetu. Utumbo ukiuacha supu inakuwa chungu, hilo halikuhitaji mkalimani. Halafu unawakaanga kidogo sufuria kavu bila mafuta mpaka harufu itoke, unamimina maji, unatia kipande cha dasima, huu ni mwani mnene, mpana kama mkanda, una vumbi jeupe juu yake na usilioshe, ndo ladha yenyewe. Dasima unaitoa mapema, ikichemka sana supu inakuwa na ute, dagaa wanaendelea dakika kama kumi hivi. Ukichuja unapata maji ya rangi ya chai ya rangi nyepesi na hapo ndo msingi wa nusu ya mapishi yao. Kwenye maji hayo tukakoroga doenjang, tukatia mbatata, kitunguu, tofu (maziwa ya soya yaliyogandishwa), pilipili mbichi. Doenjang ni soya zilizochemshwa, zikapondwa, zikafanywa matofali, yakaning'inizwa kwa nyuzi za mabua ya mpunga mpaka yaote ukungu, halafu yakalala kwenye maji ya chumvi miezi. Maji yanayobaki ndo sosi ya soya, machicha ndo doenjang. Chumvi inatoshaje? Unatia yai bichi humo, likielea likatokeza juu ukubwa wa sarafu, bas imetosha. Mambo ya mzani hana. Kila ukimuuliza kiasi gani anafungua kiganja anakuonyesha. Binti akatuambia wana neno, sonmat, ladha ya mkono. Nikamwambia kwetu pia mtu akipika vizuri tunasema fulani ana mkono. Akamtafsiria mama yake, mama akanyanyua mikono yake miwili akaiangalia kama ndo anaiona leo.

Kuhusu halali, yule mume wa Kimalaysia alikuwa anasoma lebo zote kwa simu. Gochujang nyingi za dukani, ile rojo nyekundu ya pilipili, zinatiwa spiriti ili zisichachuke zaidi, kwenye lebo inaandikwa jujeong, na wengi hawajui kabisa. Mwalimu alikuwa na ya kutengeneza mwenyewe nyumbani haina kitu hicho. Na mirin, ule mvinyo mtamu wa mchele wa kupikia, akaitoa mezani bila kuulizwa mara mbili. Nasema haya kwa sababu niliogopa sana kuonekana msumbufu, na haikuwa hivo.

Sasa supu ya pili. Akaleta bakuli lenye vitu kama majani makavu meusi yamejikunja, kidogo tu, hata kiganja hakijai. Akamwaga maji. Tukaendelea kukata karoti, tukirudi bakuli limejaa mpaka mdomoni, majani mapana ya kijani yanateleza. Hii ni miyeok. Mwani.

Hapa itabidi nijieleze. Mie nimekulia kwenye mwani. Jambiani, ukiamka maji yakikupwa, unaona wamama wameinama mpaka kule mbali, vigingi na kamba, wanafunga vipande vya mwani kimoja kimoja. Mama mdogo wangu aliyenilea nusu ya utoto wangu alianza kulima mwani kabla sijazaliwa, ada zangu za skuli baadhi zimetoka humo. Mikono inachubuka, mgongo unakwisha, halafu unauanika, unatia kwenye gunia, unapimwa, unakwenda. Unakwenda wapi? Tukiuliza utotoni tunaambiwa nje, wanatengenezea dawa za meno. Kuula? Hakuna aliyewahi kuniambia mwani unaliwa. Hata sasa wakina mama wengine wanatengeneza sabuni za mwani, watalii wananunua, sawa, lakini kwenye sahani hapana.

Na mama huyu ananiambia, huku anakata ule mwani kwa mkasi, kwamba Korea mwanamke akijifungua kitu cha kwanza anachopewa ni hii supu, miyeokguk, na anaendelea nayo wiki tatu. Na kila mwaka siku yako ya kuzaliwa unakunywa supu hiyo asubuhi, kumkumbuka aliyekuzaa. Nikafikiria uzazi wa kwetu, uji wa pilipili manga, supu ya kuku, na bahari yote ile ipo hatua ishirini na mwani umejaa.

Akaipika hivi. Mafuta ya ufuta kwenye sufuria, thomu iliyotwangwa, mwani unakaangwa humo mpaka ubadilike rangi uwe kijani cha kung'aa, halafu kome badala ya nyama ya ng'ombe, maji, sosi ya soya ya supu, moto mdogo nusu saa. Harufu ya ufuta ikijaa jikoni mie nikawa niko Mwezi wa Ramadhani nasubiri mkate wa ufuta. Kwenye mapishi mengine mengi wenzetu mafuta ya ufuta wanayatumia mwishoni, kijiko kimoja, kama sisi tunavyomalizia na ndimu.

Nikatoa simu nikamwonyesha picha ya mama mdogo yuko shambani, maji ya magotini, buibui kalifunga kiunoni, kamba ya mwani mkononi. Mwalimu akavaa miwani. Akaikuza ile picha, hakuangalia sura, akaangalia mikono, kamba, vigingi. Halafu akaanza kuongea haraka haraka na binti anakimbizana naye kutafsiri. Kazaliwa Wando, kusini kabisa, visiwani, huko kila mtu anaishi kwa mwani. Utotoni wakati wa baridi mama yake alikuwa anatandaza gim kwenye mikeka ya mabua, karatasi moja moja, mikono kwenye maji ya barafu, na watoto kabla ya skuli wanasaidia kuanika. Anasema mpaka leo akisikia baridi vidole vinamuuma palepale. Akaniuliza kwenu maji ni ya baridi? Nikamwambia hapana, ya moto, na siku hizi yamezidi, ile aina nzuri ya mwani inayolipa zaidi inakufa kwa joto. Akatikisa kichwa akasema kwao pia bahari imeanza kubadilika.

Mwani wetu na wao sio mmoja, nisiwadanganye. Wetu ni mwekundu wa vidolevidole, unaenda viwandani kutoa ule ute wa kugandishia vyakula na dawa ya meno, wao huu ni mpana, wa jamii ya mwani wa kahawia, ingawa ukiupika unakuwa kijani. Lakini nilipotia kijiko cha kwanza mdomoni nilijua bahari ile ile.

Gimbap tukafanya mwisho na mie nilishachoka kihisia hahaha. Shiti ya gim upande wa kung'aa chini, wali wa kunata uliotiwa chumvi na mafuta ya ufuta, unatandaza mwembamba unaacha nafasi juu, yai, karoti, mchicha, figili ya njano ya siki, tuna. Unakunja kwa kijimkeka cha mianzi. Yangu ilipasuka tumbo. Ya Mbrazil ilikuwa nene kama mkono wa mtoto. Mwalimu akakata kwa kisu kilichopakwa mafuta, anasuguasugua kama msumeno hakandamizi, na vile vipande vya mwisho vyenye manyoya ya mboga yametokeza akatupa sisi mdomoni, anasema hivyo ndo vya mpishi. Kwenye kula tukasubiri mpaka yeye anyanyue kijiko, ndo adabu, mkubwa anaanza. Vijiti vyao ni vya chuma, vyembamba, vinateleza, nikaviweka chini nikala kwa kijiko na hakuna aliyenisema.

Siku ya nne, Alhamisi

Leo nchi nzima imenyamaza. Ni siku ya mtihani wa kuingia vyuo vikuu, suneung, ofisi zinafungua kwa kuchelewa ili barabara ziwe wazi, polisi wanawabeba watoto waliochelewa, na wakati wa sehemu ya kusikiliza Kiingereza ndege haziruki wala kutua, dakika kama 35 hivi. Nikakumbuka mtihani wangu wa fomu foo, nje mtu anachoma mkaa na jogoo anawika mwanzo mwisho.

Mie nikaona nimpikie mdogo wangu miyeokguk nimshangaze anaporudi. Nikanunua pakiti, gramu 50, nikaona kadogo haka, nikaloweka yote. Nimewaambia jana bakuli lilijaa kutoka kiganja kimoja, nilikuwepo, niliona kwa macho yangu, na bado nikaloweka yote. Baada ya dakika kumi imejaa bakuli, nikahamishia sufuria, ikajaa sufuria, nikahamishia beseni la kufulia, inaendelea tu kupanda. Mdogo wangu anafungua mlango ananikuta nimezungukwa na mwani kama niko shambani kwa mama mdogo. Akasoma nyuma ya pakiti, ni ya watu ishirini na tano.

Na juu ya yote hakuinywa! Anasema ana mtihani Jumatatu na Wakorea hawanywi supu hii kabla ya mtihani, inateleza, utateleza na wewe. Ukisema mtu kanywa miyeokguk maana yake kafeli. Nikamwambia wewe mtoto wa Jambiani umeanza lini mambo hayo, akasema sio kwamba naamini ila kwa nini nijaribu. Nikaila mie, usiku, asubuhi, na mchana wa Ijumaa.

Siku ya tano, Ijumaa

Sala ya Ijumaa msikiti wa Itaewon, uko juu kilimani, upo tangu 1976, mtaa mzima chini yake vibao vya halali. Nikala biriani ya Kipakistani. Sina la kuongeza, nilikuwa na hamu ya wali unaoachana.

Siku ya sita, Jumamosi

Sikuwa nimelipia darasa la pili. Alhamisi usiku binti wa mwalimu alinitumia meseji, Jumamosi wanafanya kimjang ya familia, mama anasema yule msichana wa dagaa aje. Kimjang ndo ile siku ya kutengeneza kimchi ya msimu mzima wa baridi, watu wanakusanyika ndugu na majirani, na UNESCO waliiingiza kwenye orodha yao ya urithi mwaka 2013. Nimelipia madarasa mengi maishani, hili la bure ndo nimeshiba.

Nimefika wamama saba wamekaa chini, plastiki imetandazwa sebule nzima, kabeji arubaini zimeshalala kwenye chumvi usiku kucha, zimeoshwa mara tatu, zinachuruzika maji kwenye matenga. Ni shughuli ya kwetu kabisa ile usiku wa kuamkia harusi, wamama wanachambua mchele na kusema watu. Sikuelewa neno hata moja lakini nilijua wanasema watu, sauti inashuka, wanaangalia mlango, halafu kicheko.

Kabeji haikatwi mpaka mwisho. Unaipasua kidogo kwa kisu pale kwenye shina, halafu unaivuta kwa mikono ichanike yenyewe, ili majani madogo yasitawanyike. Ile ya chumvi nilipoikunja haikuvunjika, ikakunjika kama kitambaa, ndo dalili imeiva chumvi. Kwenye beseni jekundu kubwa la kumwogeshea mtoto kukawa na mchanganyiko: uji wa unga wa mchele wa kunata, pilipili iliyosagwa chenga chenga, thomu nyingi mpaka macho yanawasha, tangawizi, kitunguu na pea za Kikorea (sio parachichi) zilizosagwa, figili iliyokatwa nyuzi, majani ya haradali, kitunguu cha majani. Halafu sosi ya dagaa, na uduvi! Uduvi mdogo mweupe umechachushwa kwa chumvi, unatiwa hivohivo mzima na macho yake. Harufu yake ukiisikia mara ya kwanza unarudi nyuma, mie sikurudi, nimekulia karibu na ng'onda.

Mwalimu anasema pilipili hii, ambayo sisi tunaiona ndo Korea yenyewe, huku haikuwepo zamani, imetoka Amerika ikaingia huku mwishoni mwa miaka ya 1500, kabla yake kimchi ilikuwa nyeupe. Mama mmoja akabisha sana, sijui alibisha nini, ila walibishana robo saa.

Tukavaa glavu nyekundu za mpaka kwenye kiwiko. Unashika kabeji, unafungua jani la chini, unapaka, hasa kule kwenye shina ambako ni nene, majani ya kijani yenyewe yatachukua. Jani moja, jani moja. Mie nilikuwa napaka kama siagi, mama wa pembeni akanipiga kibao cha mkono, akanionyesha, kidogo, mchanganyiko sio wa kumwaga. Ukimaliza unazikunja zote pamoja na lile jani la nje kabisa unalizungusha kama nguo ya mtoto mchanga, kifurushi, unakipanga kwenye chombo unakandamiza hewa itoke, na juu unaacha nafasi maana itatoa maji na kupumua. Zamani ni mitungi ya udongo iliyofukiwa ardhini mpaka shingoni, siku hizi nyumba nyingi zina friji ya pili ya kimchi tu. Mwalimu anayo, na bado mitungi yake mitatu iko kwenye roshani.

Halafu ikaja sehemu ambayo sikuambiwa. Mwalimu akachana jani la ndani la njano, akalikunja na figili, akaliviringa likawa tonge, akageuka akaninyooshea mdomoni. Sio kwenye sahani. Mdomoni. Nilikuwa na glavu zimejaa pilipili mikono yote, nikafungua mdomo kama kifaranga. Chumvi, moto, utamu wa kabeji mbichi, halafu kwa mbali bahari. Aliyenilisha tonge mara ya mwisho alikuwa bibi yangu na nilikuwa na miaka kama saba. Macho yakanijaa, wakadhani pilipili, wakaniletea maji, nikanywa nikakubali ni pilipili.

Desturi yao siku hiyo ni nyama ya nguruwe ya kuchemsha, kimchi mbichi juu yake. Ilikuwepo, meza ile pale. Kwangu ikawekwa meza nyingine ndogo, tofu ya kukaanga, mayai, na bakuli la miyeokguk ya kome. Sikuwa na nguvu ya kumwambia kwamba tangu Alhamisi, ukiitoa ile biriani, sijala kitu kingine. Nikainywa yote.

Siku ya saba, Jumapili

Kimchi hairuhusiwi kwenye begi la mkononi, wanaihesabu kama maji, na kwenye begi la chini inatoa gesi, chombo kikipasuka nguo zako zote zitakuwa kabeji. Kwa hiyo kifurushi changu nimemwachia mdogo wangu. Nimebeba pilipili kilo moja, gim, na miyeok pakiti nne (nimesoma nyuma). Pale eapoti saa ilionyesha 10, nikajua Jambiani saa kumi jioni, maji yanaanza kujaa, wanarudi.

Nyumbani, siku tatu baadaye

Nilimpikia mama mdogo. Kome wa hapahapa, ufuta wa Lindi nilioukamua kwa taabu dukani Darajani, thomu. Nilianza kwa kumwonyesha ule mwani mkavu, nikautia majini kwenye bakuli la kioo ili aone, akakaa anaangalia unavyofunguka, hasemi. Akautoa mmoja, akaunyoosha, akaupima kwa vidole kama anavyopima wake. "Huu haujafungwa kwa kamba hii yetu," akasema.

Akanywa. Akatia ndimu, akanywa tena. Mtoto wa jirani akakataa kabisa, anasema inateleza. Mama mdogo akauliza pakiti bei gani. Nikamwambia kwa shilingi. Akarudia ile namba polepole, akaniangalia, akaniuliza tena gramu ngapi, nikamjibu hamsini.

"Na wanaulima wanawake?"

Nikamwambia huyo aliyenifundisha, mama yake aliulima, maji ya barafu. Nikamwonyesha picha yetu na glavu nyekundu. Akaikuza. Akaangalia mikono.

Halafu akainuka akaenda uwani kwenye mkeka, akarudi na kichane cha mwani wake mwenyewe, wa jana, bado una chumvi, akakiweka mezani mbele yangu akasema haya, weka maji.